Somo wa Wafa

Mnarani, Kilifi
30 Mei 2025

Kwa dada yangu Sauda,

Assalamu alaykum, na shikamoo dada. Natumai karatasi hii itakukuta mzima, na ule mguu wako umeacha kuvimba. Sisi huku twashukuru Mungu. Mavyaa, mama yake marehemu Muhdhar, amepunguza kulia ila hajapunguza kusema.

Usishangae kuandikiwa barua zama hizi. Mavyaa ameamua kwamba mjane aliye katika eda hashiki simu, eti sauti za wanaume hupenya humo. Sheikh aliulizwa, akasema hukumu hiyo yeye haijui. Lakini sheikh halali nyumba hii. Ndiyo maana siku ya matanga nilimpa mwanangu Wafa simu yangu, ajisomee, na pia awe na kitu changu mkononi. Mimi na wewe tutaandikiana, na mjumbe wetu ni shemeji Yaseen, ndugu wa marehemu, kwa kuwa gari lake la mikate hufika Malindi kila wiki.

Tangu Wafa aje kukaa kwako kwa ajili ya shule nilikuwa nikimwona kila mwisho wa wiki. Sasa mpaka eda iishe katikati ya Septemba. Nahesabu mabati ya paa la chumba hiki, nikimaliza naanza upya.

Nina neno moja, nalo nikilimeza litanikaba. Siku ya matanga nilimsikia Wafa akikuita "mama". Si "mama mkubwa" kama ilivyo ada. Na walipotoka wageni, alikushika mkono wewe, mimi akaniaga kwa kichwa. Labda ni mtoto tu, ana miaka kumi na mitatu na kafiwa na babake. Lakini nakuomba umrekebishe. Wewe hushindwi kurekebisha watu. Na uchungu wa mwana aujuaye ni mzazi.

Nisalimie majirani.

Mdogo wako,
Kamaria


Malindi
21 Juni 2025

Kamaria mdogo wangu,

Waalaykum salaam, na marahaba. Barua yako ilifika pamoja na mikate miwili ambayo Yaseen alisema ni zawadi, kisha akaila nusu kwa chai. Mguu wangu uko vile vile. Kuku jike yule mwekundu ameangua, na mtaa mzima umekuja kuangalia utadhani nimejifungua mimi.

Hilo la "mama" nimelisoma. Sikumfundisha. Ila sikumkataza pia, na sitamkataza mtoto neno zuri kwa sababu wewe unalionea kijicho. Umenitolea methali, nami ninayo yangu: kuzaa si kazi, kazi ni kulea.

Sasa habari yenyewe. Wafa amevunja ungo. Ilikuwa Jumatatu asubuhi kabla ya shule. Aliniita kutoka msalani, sauti imemkauka. Nilimkalisha, nikampa alichohitaji, nikampikia uji wa pilipili manga na kumfunga leso mpya. Alilia kidogo, kisha akacheka. Nilidhani ungependa kujua kwamba hakuwa peke yake.

Ujuavyo mila zetu, mwari lazima awekewe somo, mwanamke mtu mzima wa kumfunda mwili wake, usafi wake na heshima yake. Mama mzazi hawi somo wa mwanawe. Na yanayosemwa baina ya somo na mwari ni siri yao, hata mama hayaulizi. Basi ni juu yako kumchagua. Mimi sijiombei. Nasema tu kwamba wapo wanaoona mama mkubwa anafaa, hasa akiwa ndiye aliyekuwapo siku yenyewe.

Nangoja jibu lako.

Dada yako,
Sauda


Mnarani
8 Julai 2025

Dada Sauda,

Assalamu alaykum. Shikamoo. Mavyaa ana mafua, nami nashukuru, maana sauti imemkatika.

Nimeifurahia habari ya Wafa, na nimelia pia. Nilikuwa nimeinunua leso ya siku hiyo tangu ana miaka kumi. Iko sandukuni mpaka leo, imekunjwa. Umemfunga yako. Haya, ndiyo yashapita.

Yaseen alimleta Jumapili, akakaa nami saa chache. Amekuwa mrefu. Nilimuuliza unamlisha nini, unamwambia nini kuhusu mimi, na kama usiku mnakaa mkinisema. Alinijibu "hapana" kwa kila swali, kwa sauti ndogo. Nilijua umemfunza kunificha mambo.

Suala la somo lingoje nitoke eda. Usimweke mtu. Narudia, usimweke mtu. Nina mwanamke wangu kichwani na sitamtaja hapa.

Kamaria


Malindi
9 Agosti 2025

Kamaria,

Salaam nyingi. Shule zimefungwa. Nimemwandikisha Wafa masomo ya likizo, kwa hiyo hatakuja huko Mnarani kama ulivyotaka. Hesabu zake zimelegea, na nyumba ya mavyaa wako haina nafasi ya mtu kufikiri. Usinikasirikie mimi, ikasirikie hesabu.

Mtoto amebadilika kidogo. Yuko kwenye simu yako toka asubuhi. Mara anacheka peke yake, mara anafunga mlango wa chumba. Nilimuuliza kama ni wewe unamwandikia kwa kutumia simu ya mtu, maana najua hamuwezi kuniacha nikajua mambo yenu. Akasema siyo. Nikamuuliza siku ile alipokuja huko ulimwambia nini juu yangu. Akachukua simu akaingia chumbani.

Juzi nilipokuwa nikichambua mchicha akaniambia, "Mwambie mama asihangaike, somo nimeshapata." Kisu kilinisimama mkononi. Nikamuuliza ni nani. Akanijibu, "Siri ya somo na mwari haitoki, mama mkubwa." Mila naijua kuliko wewe. Sikuuliza tena wala sitauliza.

Hongera kwa aliyechagua. Uliniambia nisimweke mtu, kumbe maneno hayo yalikuwa yangu mimi peke yangu.

Sauda


Mnarani
17 Agosti 2025

Dada Sauda,

Salaam.

Nimeisoma barua yako na nimekuelewa vizuri sana, pamoja na hongera zako. Kilemba cha ushindi umeshajivika, huna haja ya kunionyesha kioo.

Somo keshapatikana, na afundishe. Mimi sitauliza jina wala sitauliza anafunzwa nini. Kazi yangu ilikuwa kuzaa tu, nayo nilishaimaliza.

Likizo nzima nimekaa nikisikiliza mlango. Kila gari likipunguza mwendo barabarani moyo unanipanda. Hilo tu ndilo nililotaka ulijue.

Kamaria


Malindi
Jumatano, 3 Septemba 2025

Kamaria,

Assalamu alaykum. Sina habari za kuku leo.

Nilikuwa nimeapa kutokuandikia mpaka utoke eda, lakini kiburi chako kimepita mpaka. Nitasema yote na wewe ujibu.

Somo uliyemletea mtoto ni mtu gani? Wiki nne sasa anamfunda kwa simu. Hajakanyaga kizingiti changu. Somo wetu sisi alikuja kwa miguu, akampa salamu bibi, akala, ndipo akatuita chumbani. Huyu wako haongei hata kwa sauti, anaandika tu. Wafa anasema bibi huyo koo lake bovu. Nimeiona picha yake siku moja kwa jicho la wizi, ajuza kajitanda leso, anaitwa Bi Mwanaidi. Simjui. Na mimi Malindi hii ni nani nisiyemjua?

Mtoto hali. Jana nimemkuta analia, nikamuuliza kulikoni, akasema, "Somo amekasirika." Amekasirika nini? Hasemi. Eti kuna picha alizotakiwa kumtumia, alizituma, sasa anatakiwa nyingine. Nimejiambia labda ndiyo ufundaji wa siku hizi, wanapimwa namna ya kufunga leso. Nimejikaza nisiulize, kwa kuwa nikiuliza utasema naingilia.

Sasa ameambiwa kwamba Ijumaa hii, baada ya alasiri, somo atatuma gari limchukue hapa kwangu limpeleke nyumbani kwake Watamu, akafundwe siku mbili. Gari, Kamaria! Tangu lini mwari akachukuliwa na gari la mtu asiyebisha hodi?

Lakini sitakutia aibu mbele ya mtu wako. Nimesonga halwa. Nimenunua doti ya leso ya kumpa somo, rangi nzuri kuliko ile uliyoifungia sandukuni. Ijumaa nitamwogesha mtoto, nitamfukiza udi na kumtoa mlangoni kwa mkono wangu, ili Bi Mwanaidi wako ajue kwamba kwa mama mkubwa wake pia kuna adabu. Kisha mimi na wewe hatudaiani tena.

Sauda


Malindi
13 Septemba 2025

Mdogo wangu Kamaria,

Assalamu alaykum warahmatullah. Natumai Wafa anakula. Mimi niko, mguu uko.

Tangu Ijumaa ile hatujasemezana, na Yaseen amekataa kuleta maneno ya mdomo. Ameniambia kama nina la kusema niliandike. Naandika.

Umesema mbele ya polisi kwamba barua yangu ilikufikia Ijumaa adhuhuri, kwa kuwa gari la Yaseen lililala gereji. Ukasema ulinipigia kwa simu ya mavyaa wako. Ni kweli. Niliiona namba yake, ikaita na kuita. Nikaigeuza simu kifudifudi mezani. Nilidhani yule mavyaa wako anataka kunifunza namna ya kumuaga mwari. Simu ya Wafa ilikuwa imezimwa. Bi Mwanaidi alimwamuru aizime tangu asubuhi. Hayo nimeyajua baadaye.

Ngoja nikueleze usiyoyaona. Nilimwogesha. Nilimfukiza. Alikuwa baridi mikono yote miwili na mimi nikamwambia, "Hofu ya mwari hiyo, itakwisha." Aliniangalia. Kamaria, aliniangalia kama mtu anayetaka kuulizwa, nami nikamrekebisha ushungi. Nilimtia kapu la halwa mkononi. Gari lilikuwa limeshasimama kwenye kona, jeupe, vioo vyeusi. Nikamwambia, "Nenda, na ukifika umsalimie vizuri, asije akasema hukulelewa."

Ndipo lilipoingia gari la mikate, na wewe ukashuka na nguo zako nyeupe za eda, miguu pekupeku, mbele ya mtaa mzima. Hukunisalimu. Ulipita ukamshika mtoto, na lile neno ulilolisema, "Mimi sikuweka somo yeyote," ulilisema kwa sauti ambayo sijaisikia tangu tuzaliwe. Nikakujibu, "Na mimi sikuweka." Tukaangaliana. Gari jeupe likageuza likaondoka. Kama si Yaseen kuipiga picha namba yake, tungebaki na vumbi.

Wamemkamata Jumanne. Ni mwanamume wa miaka arobaini na kitu, mpangaji tu Watamu, hana hata ajuza wa kumkopa picha. Ile aliiokota mtandaoni. Alikutwa na simu kadhaa, na kwenye kila moja ni bibi mwenye jina lingine, na wasichana wengine nyuma yake. Bi Mbeyu wa ofisi ya watoto ndiye aliyenieleza. Mwanamume huyo alimpata Wafa kwenye kundi moja la mabinti la WhatsApp, huko huko kwenye simu yako. Mtoto alikuwa ameandika kwamba amevunja ungo na hana somo, kwa kuwa mamake na mama mkubwa wake hawaelewani ni nani awekwe. Yule akamjibu hapo hapo, "Mimi nitakuwa somo wako, mwanangu. Na ujuavyo mila, somo na mwari siri yao haitoki." Mila yetu aliijua vizuri, akaigeuza kufuli, na ufunguo tukampa sisi. Vita vya panzi, furaha ya kunguru.

Silali vizuri. Mlango nilioufungua kwa mkono wangu nauona kila nikifumba macho. Lakini nitakuambia na jingine, kwa kuwa nimechoka kuficha. Ulipompandisha gari la Yaseen ukaondoka naye bila kunipa hata nafasi ya kumkumbatia, kilichoniuma kwanza hakikuwa haya. Kilikuwa wivu. Mtoto amenusurika, na mimi nikaona wivu kwamba ameegemea bega lako. Najichukia kwa hilo, lakini ndivyo ilivyokuwa.

Anakutajia jina langu? Usiponijibu nitajua.

Dada yako,
Sauda


Mnarani
20 Septemba 2025

Dada yangu Sauda,

Assalamu alaykum, na shikamoo. Naiandika hii ukumbini na siyo chumbani, kwa kuwa eda imekwisha. Mavyaa alisema imevunjika tangu Ijumaa ile, na siku zilizobaki hazikuwa na maana. Nilimjibu kwamba Mungu aliyeiweka eda anajua pia barabara ya kwenda Malindi. Hajanisemesha tangu hapo, na chakula kimekuwa kitamu.

Wafa anakula kidogo kidogo. Usiku analala na mimi, taa imewashwa. Bi Mbeyu huja kila wiki, na amemwambia mara nyingi kwamba kosa si lake hata chembe. Zile picha zimekamatwa pamoja na simu za yule mtu. Alikuwa amemtishia kuzipeleka shuleni na msikitini, ndiyo maana alikuwa akilia, na ndiyo maana alikubali kwenda. Alidhani anakwenda kuzinunua kwa halwa yako.

Nisikufiche, nilikuwa nimejiandaa kukuandikia barua nyingine kabisa. Nilikuwa na maneno makali. Wewe umemwogesha mtoto ukamtoa, wewe umegeuza simu kifudifudi. Nilitaka kuyapanga yote kisha niseme Wafa harudi kwako tena, akae na mimi, aniite mimi mama, basi. Karatasi ilikuwa tayari mezani.

Siku hiyo Bi Mbeyu alikuwa akizungumza na Wafa chumbani, mlango umeegeshwa. Mimi niko hapa nje na kalamu. Akamuuliza, kwa upole sana, "Nyumbani una mama anakupenda, na mama mkubwa anakupenda. Hukuona hata mmoja wa kumwambia?"

Niliacha kuandika. Nitakuwa mkweli kwako kama ulivyokuwa kwangu: nilikuwa nikingoja nisikie atamtaja nani kwanza.

Wafa akasema, "Mama akinikalisha, ananiuliza habari za mama mkubwa. Mama mkubwa akinikalisha, ananiuliza habari za mama. Yule kila siku alikuwa akiniuliza mimi. Kama nimekula, kama tumbo linauma, kama bado namlilia baba."

Barua ile niliichana, dada.

Hakuna mtu aliyeuliza tangu Muhdhar afe kama mtoto huyu anamlilia babake. Wewe hukuuliza, mimi sikuuliza. Ameuliza mwizi.

Yaseen atapita kwako Jumamosi asubuhi, panda naye uje. Usilete leso, usilete halwa. Na ukiingia usianze na mimi, wala usimuulize nimekusema nini. Kaa karibu naye umuulize habari zake mwenyewe, kisha ungoje, hata akichelewa kujibu. Mimi nitakuwa jikoni. Nitajitahidi nisisikilize.

Mdogo wako,
Kamaria